Nyusiku za Pera

Juu ya kilima kiangaliacho Pembe ya Dhahabu, katika upande wa Ulaya wa jiji la Istanbul, iko njia ya waendao kwa miguu, yenye urefu wa takriban kilomita 1.4, ianzayo Tünel na kukoma katika uwanja wa Taksim. Njia ambayo mchana hupitwa na watu kwa haja zao kama mtaa wowote wa maduka, lakini baada ya isha hufurika khalaiki hata mwenye haraka akalazimika kuifuata hatua ya aliye mbele yake. Jina lake la Istiklal ilipewa na Jamhuri iliyoundwa mwaka 1923. Zama za masultani wa Uthmania iliitwa Cadde-i Kebir, na wale waliopenda kunena Kifaransa, nao walikuwa wengi, waliiita Grande Rue de Péra.

Walikuwa wengi kwa sababu Pera, kama mtaa huo ulivyojulikana, haikuwa maskani ya Waturuki peke yao. Makasri ya kale na misikiti mikuu ilikuwa ng'ambo ya pili ya maji. Huku walikaa mabalozi, matajiri wa Kigiriki na Kiarmenia, Mayahudi, na dhuria za Wataliano na Wafaransa waliolowea Mashariki kwa ajili ya biashara. Moto wa Juni 1870 uliteketeza sehemu kubwa ya mtaa, pamoja na jumba la michezo la Naum lililokuwa likionyesha opera. Na juu ya kiwanja chake tajiri wa Kigiriki mwenye benki, Christaki Zografos, akajenga mwaka 1876 jengo la fakhari lenye ujia katikati, Cité de Péra, ambalo wakeshaji wa leo wanalijua kwa jina la Çiçek Pasajı, ujia wa maua.

Maua hayo, kama isimuliwavyo, ni ya Warusi. Walipoyakimbia mapinduzi ya 1917 walifika bandarini kwa maelfu, na mabinti ambao nyumbani kwao walikuwa na watumishi wakawa wanauza maua ndani ya ujia ule ili wapate riziki. Miongoni mwa waliotoka Odessa mwaka 1919 alikuwamo mtu ambaye habari zake zastahili kujulikana Afrika kuliko zinavyojulikana: Frederick Bruce Thomas, mtu mweusi, aliyezaliwa Mississippi mwaka 1872 kwa wazazi waliopata kuwa watumwa. Alikuwa mtumishi wa mezani katika miji ya Marekani na Ulaya, akafika Moscow, akachukua uraia wa Urusi, akatajirika kwa jumba la anasa liitwalo Maxim, na mapinduzi yakamnyang'anya yote. Mwingine angalikaa akalia. Yeye alikopa, akafungua bustani ya starehe nje kidogo ya Pera, kisha mwaka 1921 akafungua Maxim ya pili karibu na Taksim, ambamo maofisa wa majeshi ya kigeni yaliyoukalia mji walicheza dansi kwa muziki wa jazi. Na majeshi hayo yalipoondoka mwaka 1923, Waturuki wenyewe wakavirithi viti vyao. Ukiniuliza ni nani aliyeufundisha mtaa huu kukesha kwa dansi, nitamtaja yeye kabla ya sultani au waziri yeyote. Maofisa wa Marekani walikataa kumtambua kuwa raia wao, madeni yakamlemea, akafa mwaka 1928 angali mfungwa.

Wakazi wa kale wa Pera walisalia, wakauza divai, samaki na nguo, mpaka ilipokuja kodi ya mali ya 1942, iliyowaangukia wasio Waislamu kwa uzito usio na kadiri. Kisha usiku wa tarehe 6 Septemba 1955, makundi yenye ghadhabu yalipovunja maduka ya Wagiriki, Waarmenia na Mayahudi, na majora ya nguo yakatandazwa njiani tangu mwanzo hata mwisho. Kisha 1964, raia wa Ugiriki walipofukuzwa nchini. Nyumba zikabaki na milango tu. Mwaka 1978 jengo la Zografos nalo likaporomoka kwa sehemu, likaja kufunguliwa tena miaka 10 baadaye.

Mwaka 1990 magari yalikatazwa na tramu nyekundu ikarejeshwa. Tramu hiyo ni nzuri kwa kupigiwa picha. Mwenye miguu mizima hufika kabla yake. Raha yenyewe imo vichochoroni, hasa Nevizade, nyuma ya soko la samaki, ambako watu huketi mbele ya visahani vya vitafunio na bilauri za rakı, kinywaji kikali chenye harufu ya anisi, kigeukacho cheupe mara kitiwapo maji. Mwaka 2011 serikali ya mtaa iliamuru meza ziondolewe nje, na wenye vilabu hawajaisahau amri ile.

Mwaka huohuo vita vilianza Syria, na haukupita muda mrefu wapiga udi wa Kisyria wakawa wanapiga muziki kando ya reli ya tramu. Wenyeji wakongwe hunung'unika kwamba Kiarabu kimezidi njiani na kwamba Istiklal si ile waliyoijua. Nami sielewi ni ipi wanayoikusudia, maana tangu moto wa 1870 sijaiona iliyokuwa yao peke yao. Wenye mikahawa hawaingii katika mjadala huo. Orodha zao za vyakula, ambazo zamani ziliandikwa Kifaransa, wamekwisha kuzichapisha kwa Kiarabu.