Je, Wajua? Mkonge una sapojenini

Ukitoka Mikumi ukapita Kilosa mjini hadi Kimamba, unaingia nchi ya mkonge. Jani likipita kwenye korona, yaani mashine ya kukwangua majani, hutoa nyuzi ambazo ni kama asilimia 4 tu ya uzito wake. Yanayobaki ni maji na makapi ya kijani, na ndiyo yaliyowavutia wanakemia.

Ndani yake mna saponini, kemikali zenye povu kama la sabuni. Molekuli ya saponini ina sehemu mbili: sukari, na kiini kisicho sukari. Ukiichemsha kwa asidi, sukari hubanduka. Kiini kinachobaki ndicho sapojenini. Ile ya mkonge huitwa hekojenini, C₂₇H₄₂O₄. Thamani yake iko kwenye kaboni namba 12, iliyoshika oksijeni. Mwanakemia huweza kuihamishia oksijeni hiyo kaboni namba 11, mahali inapotakiwa katika kotisoni, dawa ya kutuliza uvimbe na maumivu ya viungo. Si kazi ya jikoni, hiyo!

Miaka ya 1950 kampuni ya Glaxo ya Uingereza ilitengeneza kotisoni kutokana na hekojenini ya mkonge wa Afrika Mashariki.

Mwanafunzi, usichanganye: saponini ina sukari, sapojenini haina.