USAFI SI SARUJI TUPU: TUUACHE MJI WA MOSHI UNYWE MVUA YAKE

Ndugu msomaji, mji wa Moshi una sifa ambayo miji mingi ya nchi yetu huionea wivu. Ni mji msafi. Umeshinda mashindano ya kitaifa ya usafi zaidi ya mara moja, na mgeni ashukapo kituo cha basi huiona sifa hiyo hata kabla hajaambiwa. Ni sifa ya kulindwa. Lakini katika kuilinda limeingia wazo moja ambalo leo tungependa kulitazama pamoja na wewe na jamaa yako. Wazo lenyewe ni hili: kwamba ua safi ni ua uliofunikwa saruji kutoka ukuta hadi ukuta.

Si vigumu kuelewa wazo hilo lilikotoka. Kiangazi huleta vumbi linaloingia hata kabatini. Masika huleta tope linalopanda na viatu vya watoto mpaka sebuleni. Mama achokaye kupiga deki mara tatu kwa siku, na baba ambaye pikipiki yake imezama matopeni, hawana kosa wakiweka akiba wakanunua matofali ya pevingi au wakamwita fundi amwage zege. Kila nyumba ina sababu yake, na sababu hiyo ni njema. Matata huanza pale nyumba zote za mtaa mmoja zinapofanya vivyo hivyo, pasiwepo hata moja iliyojiuliza maji yatakwenda wapi.

MAJI YAENDA WAPI?

Tufanye hesabu ndogo ambayo hata mtoto wa darasa la tano aweza kuifanya. Mvua ya milimita moja, ikinyesha juu ya eneo la mita moja ya mraba, ni sawa na lita moja ya maji. Chukua ua wa mita kumi kwa kumi uliosakafiwa wote. Mvua ya milimita 30, ambayo wakati wa masika yaweza kunyesha kwa alasiri moja, itaangusha hapo lita 3,000. Ongeza paa la bati la mita za mraba 80, nalo litamwaga lita 2,400. Jumla ni lita 5,400, yaani ndoo 270 za lita ishirini, kutoka nyumba moja tu. Nyumba mia moja za namna hiyo zitatoa lita 540,000, sawa na maboza 54 ya lita elfu kumi kumi, na yote hayo huteremka kwa saa chache. Haba na haba, walisema wazee, hujaza kibaba.

Na katika Moshi maji hayana shida ya kujua njia. Mji wetu umekaa kwenye mteremko wa mlima, kaskazini juu na kusini chini. Kinachokataliwa na ua wa juu hupokelewa na mtaro wa barabara. Mtaro ukiwa umejaa mchanga na chupa za plastiki, maji huingia barabarani, na kutoka barabarani huingia nyumbani mwa mtu. Mifuko ya plastiki ilipigwa marufuku nchini kuanzia tarehe 1 Juni 2019, lakini chupa na vifungashio vingine vingali vinatupwa mitaroni. Mwenye nyumba ya juu hulala salama. Mwenzake wa mitaa ya chini, kama vile Pasua, ndiye anayeinua godoro usiku na kuwapandisha watoto juu ya meza.

Mji nao unakua. Sensa ya mwaka 2012 ilihesabu katika Manispaa ya Moshi watu 184,000 hivi, na ile ya mwaka 2022 ikahesabu zaidi ya 220,000. Kila jamaa mpya inahitaji paa na njia ya kupita, na kila paa na kila njia ni ardhi iliyozibwa. Sote tunakumbuka masika ya mwaka 2024, ambapo Waziri Mkuu Kassim Majaliwa aliliambia Bunge mwezi Aprili kwamba mvua na mafuriko vimeua watu 155 nchini. Mvua kubwa hatuwezi kuizuia, lakini ardhi inayoipokea iko mikononi mwetu.

SI THELUJI INAYOTUNYWESHA

Wako wanaodhani kwamba maji ya Moshi hutoka kwenye theluji ya Kibo, na kwamba maadamu mlima upo hatuna haja ya kuhangaika. Ukweli ni mwingine. Barafu ya Kilimanjaro ilipungua kwa zaidi ya asilimia 80 kati ya mwaka 1912 na mwanzo wa karne hii, na hata ilipokuwa nyingi mchango wake katika mito yetu ulikuwa mdogo. Kinachotunywesha ni mvua na ukungu vinavyonaswa na msitu wa mlimani. Maji hayo huzama polepole ardhini, yakaja kutokeza chini katika chemchemi kama za Nsere, Shiri na Njoro.

Ukitaka ushahidi wa kazi ya maji yaliyozama, nenda na watoto wako Msitu wa Rau, kusini-mashariki mwa mji. Huko utaikuta mivule, na mti adimu uitwao msoo. Msitu ule haukui kwa mvua ya mahali pale peke yake, bali kwa maji ya chini ya ardhi yatokayo mlimani. Mbele yake kuna wakulima wa mpunga wa Moshi Chini, wanaotegemea mito ya Rau na Njoro. Tone linalozama leo laweza kumfaa mtu wakati wa kiangazi. Tone linalokimbia juu ya saruji humfaa nani, ila kumharibia mtu nyumba yake?

SOMO LA KIHAMBA

Elimu ya jambo hili hatuhitaji kuiagiza ng'ambo, ingawa huko nako wameamka. Uchina, kwa mfano, iliteua mwaka 2015 miji 16 ya kufanyia majaribio ya mji unaonyonya mvua kama sifongo. Sisi tunao walimu walio karibu zaidi. Panda kwa daladala hadi vijijini, ukatazame kihamba. Juu kuna miti mirefu kama mringaringa, chini yake migomba, chini ya migomba kahawa, na chini kabisa magimbi na mboga. Mvua huanguka kwanza kwenye majani, ikadondoka kwenye matandazo, ikazama. Kihamba cha Shimbwe Juu kiliingizwa mwaka 2011 katika orodha ya urithi wa kilimo ya Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa.

Wazee wa Kichaga walichimba pia mifongo, mifereji iliyoyachukua maji ya mito mpaka mashambani kwa kuufuata mteremko taratibu, pamoja na nduwa za kuyalimbikiza. Mfongo ulikuwa na zamu na sheria, na siku ya kuusafisha kila mwenye haki ya maji alitoka na jembe lake. Wazee wale walijua kwamba maji yapitayo kwako si yako peke yako. Hilo ndilo tulilolisahau tulipoteremka mjini.

TUFANYE NINI?

Hatusemi ung'oe sakafu yako. Twasema upunguze na upange. Saki njia ya kupita na mahali pa gari, halafu sehemu iliyobaki ipande ukoka, mboga au maua. Ukipanga pevingi, zilale juu ya mchanga na kokoto, na nafasi kati ya tofali na tofali zijazwe mchanga, wala si saruji. Yapo pia matofali yenye matundu, ambayo nyasi huota ndani yake na gari likapita juu bila matope.

Paa lako litie gata na tangi au hata mapipa, na maji hayo yatumike kufulia na kumwagilia. Yanayozidi yapeleke kwenye shimo la kunyonya. Chimba hatua tano au zaidi kutoka msingi wa nyumba, mbali na choo na kisima, ujaze mawe makubwa chini na kokoto juu. Jaribu kwanza kwa kumwaga ndoo chache. Penye udongo mzito wa mfinyanzi, au penye maji ya karibu, shimo halitafaa, na tangi ndilo jawabu. Funika kila chombo, na maji yasituame juu ya ardhi zaidi ya siku mbili, usije ukafuga mbu.

Panda angalau mti mmoja. Tofauti ya joto kati ya kivuli cha miti ya Shanty Town na lami tupu ya katikati ya mji saa nane mchana wa Februari haihitaji kipimajoto. Mti wenye mizizi mikali usiupande karibu na msingi.

Yako pia ya kufanywa na wote. Katika mkutano wa mtaa, uliza mitaro itazibuliwa lini, kabla ya masika na si baada yake. Uliza kama uwanja mpya wa maegesho umeachiwa miti. Kumbuka kwamba Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka kingo za mto, na hayo yanaihusu mito yetu ya Karanga, Rau na Njoro.

Ndugu msomaji, Jumapili hii baada ya chakula, toka na watoto uani. Pimeni kwa hatua eneo lililozibwa na lililo wazi, mfanye hesabu ile ya ndoo. Kisha ulizaneni: mvua ijayo, ndoo hizi tutazibakiza kwetu, au tutampelekea jirani wa chini usiku amelala?