KWA NINI DEREVA MZOEFU HAPITI MARSABIT BILA KUSIMAMA

Ukibahatika kwenda Ziwa Turkana kwa njia ya Isiolo, utafika Marsabit ukiwa na vumbi masikioni na hamu ya kusonga mbele. Utasikia wenzako garini wakisema, "Twende tu, dere, jua linatua!" Lakini dereva anayeijua njia atasimama. Je, kwa nini?

Kwanza, tuuelewe mji wenyewe. Kutoka Isiolo ni zaidi ya kilomita 250 za nyika kavu, kisha ghafla unaona msitu na ukungu. Marsabit ni mlima wa volkano uliozimika, wenye urefu wa mita 1,700 hivi. Upepo kutoka Bahari ya Hindi hupanda mlima huo, ukapoa, na unyevu wake ukawa ukungu. Miti huunasa ukungu huo, nayo maji yakadondoka ardhini. Ndiyo maana ndovu mashuhuri Ahmed aliweza kuishi huku katikati ya ukame, akilindwa kwa amri ya Rais Jomo Kenyatta ya mwaka 1970 hadi alipokufa mwaka 1974.

Pili, mbele kuna kazi. Lami ya kutoka Isiolo hadi Moyale ilikamilika katika miaka ya 2010, na ulaini wake humdanganya mgeni. Ukishaiacha lami kuelekea Maikona, Kalacha na North Horr, unaingia jangwa la Chalbi. Hapo zamani palikuwa ziwa. Kukiwa kukavu gari linateleza kama uwanjani. Mvua ikinyesha, chumvi na udongo vinageuka matope, na lori linaweza kukwama siku kadhaa.

Basi saa moja ya Marsabit itumie hivi:
1. Jaza tangi, na mtungi mmoja zaidi wa mafuta.
2. Ziba pancha zote. Gurudumu la akiba lisilo na upepo ni mzigo tu.
3. Waulize madereva wa malori waliotoka huko: mvua imenyesha? Njia ipi inapitika? Habari hizo hazimo kwenye ramani.
4. Nunua maji ya kuwatosha nyote kwa siku mbili.

Hilo la maji lina uzito wake. Kisima cha jangwani kina wenyewe: Wagabra na Warendille huteka kwa zamu, na ngamia na mbuzi wao wanangoja. Mgeni akija na mitungi mitupu, anakunywa zamu ya mtu. Hata mjini Marsabit, kiangazi kikizidi, maji huuzwa kwa mtungi, maana chemchemi hutegemea ule msitu. Ukikatwa msitu, ukungu utapita bure.

Mwenda pole hajikwai. Ewe msafiri, simama, jaza, uliza, ndipo uende.