Marjorie Townsend na setilaiti iliyokatiza anga ya Ngara

Ukichukua ramani ya Afrika Mashariki, ukaweka rula juu ya Wilaya ya Ngara na kupiga mstari kuelekea mashariki, mstari huo utavuka mkoa wa Kagera, Ziwa Victoria na nyika za Kenya, kisha utatokea baharini si mbali na Malindi. Mabawe yetu hapa Ngara na kijiji cha wavuvi cha Ngomeni, kaskazini mwa Malindi, vimetengwa na zaidi ya kilomita 1,000, lakini vyote viko chini kidogo tu ya ikweta, kati ya nyuzi 2 na 3 kusini. Ukaribu huo wa ikweta ndio uliomleta Marjorie Townsend Ngomeni mwaka 1970, na kazi aliyoifanya pale iligeuza elimu ya nyota duniani kote.

Townsend alizaliwa Washington, Marekani, mwaka 1930. Alianza chuo kikuu akiwa na miaka 15, na mwaka 1951 akawa mwanamke wa kwanza kuhitimu uhandisi katika Chuo Kikuu cha George Washington. Alifanya kazi kwanza katika maabara ya utafiti ya jeshi la majini, kwenye mitambo ya kunasa sauti chini ya maji, kisha mwaka 1959 akajiunga na NASA, shirika la anga la Marekani, lililokuwa changa bado. Alilea watoto wanne wa kiume katika miaka hiyohiyo. Kwa taaluma alikuwa mhandisi wa elektroniki. Namweka miongoni mwa waasisi wa elimu ya nyota kwa makusudi, kwa sababu kuna tawi zima la elimu hiyo ambalo lisingepata macho bila watu wa aina yake.

Tukumbuke zama zenyewe. Vera Rubin, aliyekuja kupata ushahidi mzito wa maada isiyoonekana katika magalaksi, alipewa ruhusa rasmi ya kutumia darubini za Palomar, California, mwaka 1965. Hakuna mwanamke aliyekuwa amepewa kabla yake. Mwaka mmoja baadaye, 1966, Townsend alikabidhiwa usimamizi wa mradi wa setilaiti ndogo za utafiti wa nyota. Wanaume waliobobea katika fizikia na roketi walitakiwa kufuata ratiba yake, bajeti yake na uamuzi wake.

Setilaiti ya kwanza ya mradi huo ilijengwa kwa ajili ya eksirei. Wengi tunaijua eksirei ya hospitali: ukienda Murgwanza kupigwa picha ya kifua, miale inapenya nyama na kuzuiwa na mfupa. Angani miale hiyo hutoka mahali palipo na joto la kutisha. Uso wa Jua una nyuzi 5,500 hivi za Selsiasi, na joto hilo hutoa zaidi mwanga wa kawaida. Gesi inayoanza kung'aa kwa eksirei huwa imefika mamilioni ya nyuzi. Kwa hiyo anayetaka kujua mahali penye misukosuko mikubwa ulimwenguni inambidi atafute eksirei.

Tatizo ni hewa. Angahewa la Dunia linaimeza eksirei yote itokayo angani kabla haijatufikia, jambo linalotunusuru sisi na kuwanyima wataalamu habari. Mwaka 1962 Riccardo Giacconi, Mwitaliano aliyehamia Marekani, pamoja na wenzake walirusha roketi ndogo iliyokaa juu ya hewa kwa dakika chache tu, nayo ikanasa chanzo kikali cha eksirei upande wa kundinyota la Nge. Vyanzo vingine vilipatikana kwa njia hiyo, lakini dakika chache hazitoshi kujua kama kitu kinabadilika kesho au keshokutwa. Kilihitajika chombo cha kukaa juu kwa miezi, na Giacconi na kundi lake wakaandaa vifaa vyake.

Kwa nini basi kirushiwe pwani ya Kenya? Kwanza, Dunia inajizungusha kuelekea mashariki, na mtu aliye kwenye ikweta anachukuliwa kwa mwendo wa takribani kilomita 1,670 kwa saa bila kuhisi. Roketi inayoondoka kuelekea mashariki kutoka hapo inaanza safari ikiwa na mwendo huo tayari, nayo inaweza kubeba mzigo mkubwa zaidi. Sababu ya pili ndiyo iliyokuwa nzito kwa wanasayansi. Usumaku wa Dunia umenasa chembechembe zenye nguvu kubwa, na juu ya Atlantiki ya kusini, upande wa Brazili, chembe hizo zinashuka chini kuliko kwingineko. Setilaiti ikipita katikati yake, vipokezi vyake vinajaa kelele na eksirei ya nyota inapotea humo. Njia inayofuata ikweta inaambaa pembezoni mwa eneo hilo tu. Kutoka Florida kuipata njia hiyo kungedai mafuta mengi mno kwa roketi ndogo, ilhali Waitaliano, chini ya Profesa Luigi Broglio wa Chuo Kikuu cha Roma, walikuwa na jukwaa lao la San Marco lililosimamishwa baharini mbele ya Ngomeni, na tangu 1967 walikuwa wakirusha kutoka hapo.

Townsend ndiye aliyeshika nyuzi zote. Vifaa vya kupokea eksirei vilitengenezwa na kampuni ya akina Giacconi huko Massachusetts, mwili wa setilaiti na mifumo ya kuiongoza vikatoka maabara ya Johns Hopkins huko Maryland, roketi aina ya Scout ilikuwa ya NASA, nao warushaji walikuwa Waitaliano. Tarehe 12 Desemba 1970 chombo kikaruka salama. Siku hiyo Kenya ilikuwa ikiadhimisha miaka saba ya uhuru, na Townsend, kwa kuwashukuru wenyeji, akakiita Uhuru. Alikuwa mwanamke wa kwanza kusimamia urushaji wa setilaiti ya Marekani.

Uhuru haikufika kilo 150. Ilikuwa na vipokezi viwili vilivyopeana migongo, kila kimoja kikiwa sanduku la gesi linalotoa msukumo mdogo wa umeme mwale wa eksirei unapoingia. Mbele yake ilipangwa mirija ya kuzuia miale ya pembeni, ili kila kipokezi kione ukanda mwembamba tu wa anga. Setilaiti ilijizungusha polepole, mara moja kwa dakika kumi na kitu, na ukanda ulipopita juu ya chanzo hesabu ya miale ilipanda kisha ikashuka. Kwa kupima kilele hicho wataalamu waliweza kusema chanzo kiko wapi. Kuelekeza mhimili wake kwingine hakukuhitaji mafuta: umeme ulipitishwa kwenye koili, usumaku wake ukasukumana na wa Dunia, chombo kikageuka. Hapo ndipo ninapomvulia kofia mhandisi. Kinasa data kilipoharibika majuma machache baada ya kuruka, kazi haikufa, kwani data ziliendelea kutumwa moja kwa moja ardhini kila chombo kilipopita juu ya kituo cha kupokelea.

Ilizunguka Dunia kwa dakika 96, ikiwa juu kwa kilomita 500 na zaidi, bila kutoka nje ya nyuzi 3 kaskazini na kusini mwa ikweta. Ngara imo ndani ya ukanda huo. Kwa miaka miwili na zaidi, hadi Machi 1973, chombo hicho kilikatiza anga yetu takribani mara 14 kila siku.

Ilichokiona kilikuwa kipya kabisa. Chanzo kiitwacho Cen X-3 kilipiga mapigo kila sekunde 4.8, na kila baada ya siku mbili hivi kikazimika kabisa kwa saa kadhaa. Maana yake ni kwamba kuna nyota ndogo mno, iliyokufa na kushindiliwa, inayoizunguka nyota kubwa na kufichwa nyuma yake. Gesi ya ile kubwa inaporomokea ile ndogo, na maporomoko hayo ndiyo yanayowasha eksirei. Kingine, Cygnus X-1, kilibadilika kwa haraka mno, katika muda usiofika sekunde moja, wala hakikuwa na mpigo wa kudumu. Kitu hakiwezi kubadilika chote kwa kasi kuliko muda ambao mwanga unahitaji kukivuka, kwa hiyo hiki kilikuwa kidogo. Darubini za kawaida zilipoichunguza nyota jirani yake, zikakuta inavutwa na kitu kizito kisichoonekana, kila siku 5.6 mzunguko mmoja. Hivyo Cygnus X-1 ikawa ya kwanza kukubalika kwa wingi kuwa shimo jeusi. Vipimo vya 2021 vinaipa uzito wa takribani Majua 21.

Kutoka Mabawe, mwezi wa tisa saa tatu usiku, tazama kaskazini, juu kidogo ya nusu ya njia kutoka upeo wa macho hadi utosini. Cygnus X-1 iko hapo. Nyota jirani yake inaonekana kwa darubini ndogo, bila darubini haionekani. Walimu wa fizikia, ambao kwa miaka mingi wamefundisha eksirei na elimu ya nyota kidato cha nne kama mada mbili zisizogusana, wangeweza kuzifundisha pamoja kwa mfano huu mmoja, na wasichana darasani wakamjua aliyeusimamia.

Tuzo ya Nobel ya fizikia alipewa Giacconi mwaka 2002, akigawana na wengine wawili, na aliistahili. Ila kanuni za Nobel hazina nafasi kwa anayehakikisha kwamba betri, koili, roketi na watu wa mataifa mawili vinakutana siku moja mahali pamoja. Nasema bila kusita kwamba hilo ni pengo. Italia angalau ilimtunuku Townsend nishani ya heshima ya jamhuri yake. Aliendelea kusimamia setilaiti mbili zaidi zilizorushwa kutoka San Marco, moja Novemba 1972 kwa ajili ya miale ya gama, nyingine Mei 1975 iliyorudi kwenye eksirei. Aliondoka NASA mwaka 1980 na kufariki 2015.

Orodha ya nne ya vyanzo vilivyoonwa na setilaiti yake ilitoka mwaka 1978, ikiwa na vyanzo 339. Majina ya vyanzo hivyo yanaanza na 4U, herufi U ikisimama kwa Uhuru, na wanafalaki wanayaandika mpaka leo katika tafiti zao.