Wanawake Wasio na Majina

Hivi majuzi nilialikwa katika shule moja ya upili nje kidogo ya mji wa Malindi kuzungumzia Nguzo Mama (1982), tamthilia ya Profesa Penina Muhando Mlama wa Tanzania. Nilijiandaa kama tulivyozoea sisi walimu: dhamira, wahusika, matumizi ya lugha. Nilikuwa nimefikia wahusika pale msichana mmoja alipouliza, "Mwalimu, mbona wanawake hawa hawana majina?"

Aliyeisoma kazi hiyo atakumbuka kwamba wanawake wa kijiji cha Patata huitwa Bi Moja, Bi Pili, Bi Tatu, hadi Bi Nane. Nilimpa jibu nililolitoa kwa miaka mingi: nambari ni ishara, Bi Moja ni mwanamke yeyote yule. Binti hakuridhika.

"Mamangu naye haitwi jina lake," akasema. "Baba humwita kwa jina langu, na majirani vilevile. Nililijua nilipoliona kwenye cheti changu cha kuzaliwa."

Darasa likacheka. Mimi nilifadhaika, maana isimu ndiyo kazi yangu na sikuwa nimeliona hilo. Pwani hii yetu, toka Mtwapa hadi Mambrui, kumwita mwanamke mzima kwa jina la mwanawe ni adabu, tena adabu njema; simshauri mtu amwite mama mkwe kwa jina tupu! Hata hivyo, heshima hiyohiyo humfunika mtu. Naamini Muhando aliyasikiliza mazoea ya aina hii, kisha akayasogeza hatua moja mbele.

Wanawake wa Patata wanataka kuisimamisha nguzo, nayo haisimami. Kinachowashinda si adui mwenye upanga. Ni mambo ya nyumbani: huyu ana mume wa kumhofia, yule ni mjane anayepokonywa mali na jamaa za marehemu. Minna Canth wa Ufini alishika njia kama hiyo mwaka 1885, alipoikosoa sheria iliyompa mume mamlaka juu ya mali ya mkewe kwa kutuonyesha tu mke ambaye fedha zake zinaishia ulevini.

Sisi walimu huyaruka hayo yote. Tunamwagiza mwanafunzi akariri kwamba "mwanamke amechorwa kama kiumbe mnyonge", naye anapata alama zake. Mwanafunzi huyo ametoka nyumba ambamo mama hukaanga mahamri kabla ya adhana ya alfajiri na jioni hushona makuti ya kuuza. Anajua nani anazishika fedha hizo. Hatujamuuliza.

Kabla ya kuondoka niliwaomba waandike siku nzima ya mama au bibi zao, tangu kuamka hadi kulala, na jina lake kamili juu ya ukurasa. Wavulana watatu waliomba wakaandikie nyumbani, kwani ilibidi kwanza wakaulize.