Kimya na Wimbo katika Filamu ya "Borom Sarret"

Aghalabu uhakiki wa filamu huanzia kwenye picha. Hata hivyo, zipo kazi ambazo maana yake hukaa zaidi katika sauti: nani anena, nani aimba, na nani anyamaza. Mojawapo ni "Borom Sarret", filamu fupi ya dakika zipatazo 20 aliyoitunga Ousmane Sembène wa Senegali mwaka 1963. Jina hilo ni la Kiwolofu, na maana yake ni mwenye mkokoteni.

Mhusika mkuu ni mchukuzi fukara wa Dakar, mwenye gari la kukokotwa na farasi. Hadhira humsikia karibu muda wote, lakini mengi ayasemayo ni uzungumzi-nafsia. Abiria wasipolipa, hulalamika moyoni; ombaomba amwitapo, hamjibu. Kimya chake, basi, si uhaba wa maneno, bali ni kukosa wa kumwambia.

Kisha hutokea malenga, akaimba nasaba ya mchukuzi na ushujaa wa wahenga wake. Yule aliyemnyima ombaomba humpa malenga chumo lake la asubuhi. Ni rahisi kumcheka. Lakini katika siku ya kudharauliwa, wimbo huo ndio sauti pekee inayomheshimu. Wazijuao tungo za sifa hawatastaajabu: asifiwaye hudaiwa.

Baadaye mchukuzi huingia mtaa wa matajiri, ambako mikokoteni imepigwa marufuku. Polisi humnyang'anya gari, naye abiria huondoka bila kulipa. Arudipo nyumbani mikono mitupu, mkewe humpakatisha mtoto, akatoka huku akisema kwamba usiku huo watakula. Hasemi atakipata wapi chakula. Filamu huishia hapo, na kimya hicho ni kizito kuliko kilio. Wimbo ulitaja enzi za wahenga, ukala riziki ya leo. Mke ataja mlo wa leo, na gharama yake haitaji.

Kuna kinaya kingine. Mchukuzi huyo, mtu wa Dakar, husikika akiwaza kwa Kifaransa. Sembène alitoa filamu ya Kiwolofu, "Mandabi", mwaka 1968. Kwa hiyo swali la "Borom Sarret" lawahusu pia wanaisimu: mnyonge aliyenyimwa lugha yake, hata mawazoni, je, amepewa sauti kweli?