Mwache mwanangu amlilie Zuko

Barua pepe ya shule imenikera. Binti yangu, aliye darasa la nne hapa Minnesota, alichora mvulana mwenye kovu la moto jicho la kushoto, akaandika chini yake: “Huyu ni mimi.” Nikaitwa kwa mshauri wa wanafunzi, kana kwamba mtoto anateswa nyumbani.

Mvulana huyo ni Zuko, wa katuni ya Avatar: The Last Airbender, iliyoonyeshwa na Nickelodeon kuanzia 2005 hadi 2008. Ni mwana wa mfalme. Katika baraza la vita alithubutu kuwatetea askari wapya waliokuwa wakipelekwa kufa. Baba yake akamchoma uso na kumfukuza nchini, naye ana miaka 13 tu. Tangu hapo anahangaika ili baba huyo huyo amkubali tena.

Mtu kujiona ndani ya Zuko si ugonjwa. Aristotle alishaandika kwamba mhusika wa tanzia anayetugusa si mwema kupindukia wala mwovu kabisa. Huanguka kwa kosa. Naye mchora katuni Scott McCloud, katika kitabu chake Understanding Comics cha 1993, anaeleza kwamba uso uliochorwa kwa mistari michache humpa mtazamaji nafasi ya kujiweka humo kuliko picha ya mtu halisi.

Ila hapa huzuni ya mtoto ina fomu. Kila asubuhi darasani wanachagua rangi ya hisia zao: kijani, njano, bluu, nyekundu. Ukichagua bluu, rangi ya huzuni, siku kadhaa mfululizo, mwalimu anaandika, mshauri anasoma, mzazi anaitwa. Kwetu bibi alisimulia hadithi, tukalia, tukalala.

Na katika maswali yote ya shule, hakuna aliyemuuliza binti yangu anakaa na nani wakati wa chakula cha mchana. Mimi nilimuuliza. Anakaa peke yake.

Mdogo wake wa kiume anampenda Iroh, baba mkubwa wa Zuko, aliyefiwa na mwanawe vitani. Kuna mahali Zuko anaingia hemani mwa Iroh kumwomba radhi. Hajamaliza maneno, mzee keshamvuta na kumkumbatia. Mtoto hurudisha nyuma kipande hicho tena na tena, kisha huja kukaa mapajani mwangu, kimya. Dada yake huja kujibana pembeni, ingawa anajiona mkubwa.

Aliyekosewa, na hata aliyekosa, anaweza kurudi akapokelewa. Hilo nataka wanangu walijue mapema, hata kama ni kwa machozi.